Siku Baba Alipoingia Bafu la Wanawake

Saluni ya Fumie,
Komoro, Nagano,
Japani.
23 Oktoba 2016

Mpendwa Dada Chizuru,

Nakusalimu kwa mikono ya baridi, maana nimeketi saluni na nimekataa kuwasha hita kabla ya Novemba. Hujambo lakini? Mgongo wa Shemeji Osvaldo umepata nafuu, au bado anajifanya kijana anabeba magunia? Na Beatriz, amemaliza mitihani yake ya uuguzi? Huku jana mlima Asama ulionyesha theluji ya kwanza kileleni, nikakukumbuka, kwa sababu wewe ndiye uliyekuwa ukituamsha tukaione.

Sisi tu wazima. Mume wangu Isao kabichi zake zimekubali mwaka huu, basi kutwa anatembea kifua mbele. Mimi ni mguu tu, huu wa kushoto, kwa kusimama nyuma ya vichwa vya watu tangu asubuhi. Mwanamke wa miaka hamsini na miwili hawezi kukosa pa kuuma.

Na Baba hajambo. Nimeliandika hilo mapema, Dada, tena kwa makusudi, kwa sababu namjua Kaka Tetsuo na kidole chake cha simu. Lazima ameshakupigia akakueleza kwamba baba yetu, mtu wa miaka themanini na mmoja, Alhamisi iliyopita aliingia bafu la wanawake mchana kweupe. Ni kweli, aliingia. Mimi nilikuwemo ndani ya maji, kwa hiyo hakuna shahidi anayenizidi. Nisikilize mpaka mwisho kisha uamue.

Kama unavyojua, ile nyumba ya kutunzia wazee huko Saitama, karibu na kwa Kaka, imetushikia chumba mpaka mwisho wa mwezi huu. Kaka anasema Baba aende. Mimi nasema abaki. Sasa Kaka amekuandikia useme wewe, ili tuwe wawili kwa mmoja. Ndiyo maana nimeona nikae chini nikuandikie, kwa simu ningelia halafu ningetukana.

Sikufichi kitu. Tangu majira ya kuchipua Baba ameunguza birika mara mbili. Agosti alikuja hapa saluni Jumatatu nikamnyoa, na Alhamisi ya wiki ile ile akarudi, akavua kofia, akaketi kwenye kiti akingoja kunyolewa. Nilimfunga shuka shingoni nikapitisha mkasi hewani, nikampangusa, nikamshukuru kwa kuja. Sikumwambia Kaka. Hata Isao sikumwambia. Wewe ndiye wa kwanza.

Sasa hiyo safari. Ushirika wa wakulima huwa na matembezi yao ya siku moja kila mwaka baada ya mavuno, na safari hii walikwenda Bessho: kuoga maji ya moto, kula, kuoga tena, kisha mahekalu mawili na kurudi. Baba ndiye aliyeileta ile karatasi ya tangazo, ameikunja mara nne mfukoni. Alisema yeye na Mama walizuru hekalu la Zenkoji mwaka ule kabla Mama hajaugua, wakaahidiana kwenda Bessho kwenye hekalu la Kannon, yule wa huruma anayetazama kaskazini, wasiende. Unakumbuka wazee wetu wanavyosema: ukizuru Zenkoji ukamwacha yule wa Bessho, umezuru upande mmoja. Miaka sita Baba amekaa na ziara yake nusu, wala hakuna aliyejua kuwa inamkera.

Kaka Tetsuo aliposikia, akaomba ruhusa kazini akaja. Nikafurahi, mjinga mimi. Kumbe alikuja na kidaftari. Daktari fulani wa huko kwao kampa orodha ya maswali ya kupima wazee, na basi halijatoka hata mjini ameshaanza. Baba, leo ni siku gani? Baba akamtazama, akatazama taulo lake, akasema ni siku ya kuoga. Basi zima likacheka. Kaka hakucheka, akaandika.

Kiongozi wa msafara alikuwa msichana anaitwa Kurashina, ana kibendera cha njano na sauti ya kuamsha waliolala. Alieleza kila kitu kwa kipaza sauti: saa ya kufika, saa ya chakula, viatu viwekwe wapi. Akaeleza pia kwamba ile nyumba ya kuogea hubadilishana mabafu saa saba mchana, la wanaume linakuwa la wanawake na la wanawake linakuwa la wanaume, ili kila mtu apate kuliona lile lenye mawe makubwa na mtazamo wa bonde. Lakini alilisema hilo wakati uleule bibi Yanagisawa wa kule juu mtoni anapitisha kachumbari zake za majani katika basi, kila mtu achukue kwa kijiti, asifu, apitishe nyuma. Unamjua bibi yule, usiposifu anarudi kukupa tena. Niulize mimi kama nilisikia habari ya mabafu. Nilisikia nusu.

Tulifika saa nne. Wanaume wakaingia mlango wa kushoto, pazia la buluu. Sisi tukaingia wa kulia, pazia jekundu. Maji yalikuwa mazuri, Dada, yana ile harufu ya yai, mguu wangu ukasahau kama una mwenyewe. Baba alitoka amewiva uso, anatembea kama mtu aliyelipwa. Chakula kilikuwa wali wa uyoga wa matsutake, uyoga wenyewe umekatwa mwembamba hata unaweza kusoma gazeti kupitia kwake, lakini harufu ipo. Baba alimaliza bakuli mbili. Kaka akamuuliza amekula nini leo. Baba akamwambia amekula ulichokula wewe, au wewe umeshasahau?

Baada ya kula, nani asiyerudi majini? Mtu amekwenda Bessho, ataoga mara moja tu arudi? Sisi wanawake tulikuwa wanane, na tuliona pazia jekundu limehamia kushoto, tukaingia huko. Ndilo lile la mawe makubwa. Tumekaa ndani ya maji mpaka shingoni, mvuke umetanda, bibi Yanagisawa anatueleza habari za mkwe wake. Mlango ukafunguka.

Akaingia mzee, taulo dogo kichwani, jingine kalishika mbele kwa heshima zake zote. Akainama kidogo kusalimu waliomo, kama inavyotakiwa. Akavuta kigoda, akaketi ametupa mgongo, akaanza kujimwagia maji taratibu. Mimi mgongo ule naujua. Nimeusugua utotoni na wewe umeusugua.

Nilimwita. Nilimwita mara tatu, Dada, na hakugeuka. Kile kifaa chake cha sikio alikuwa amekiacha kabatini pamoja na miwani, kwa sababu vyote viwili haviingii majini. Nami siwezi kutoka majini, nitatokaje mbele ya baba yangu? Wengine wamezama mpaka pua. Nilitamani yale mawe yafunguke nipite.

Ni bibi Yanagisawa aliyesimama. Ana miaka themanini na minne na hana tena la kuogopa. Akajifunga taulo, akaenda akamgusa bega, akainama kwenye sikio lake la kulia, akasema kwa sauti iliyofika mpaka bondeni:

“Mzee Usuda, umechelewa miaka arobaini.”

Nilidhani Baba angepiga kelele au angekimbia akateleza. Hakufanya lolote katika hayo. Alifumba macho palepale. Akapiga magoti juu ya vigae, macho yamefumbwa, akainama mpaka paji la uso likagusa sakafu, akaomba radhi kwetu sote kwa maneno marefu ya adabu, yale ambayo siku hizi huyasikii ila kwenye misiba. Kisha akarudi kinyumenyume, macho bado yamefumbwa, anapapasa ukuta mpaka mlangoni. Hapo ndipo wanawake walipocheka, na hawakumcheka kwa ubaya, walicheka mpaka maji yakamwagika. Mimi nilicheka huku nalia.

Nilipotoka nikakuta ukumbini ni mashindano ya kuinama. Baba anawainamia wenye nyumba, wenye nyumba wanamwinamia Baba, Kurashina anawainamia wote na kibendera chake. Mwenye nyumba akasema haipiti wiki bila mtu kukosea, wiki ya nyuma alikuwa hakimu mstaafu. Baba alikuwa ameshanunua chupa nane za maziwa baridi, akazipanga mezani, moja kwa kila mwanamke aliyekuwemo. Nane, Dada. Hakuwa na miwani, alikuwa pale muda wa kumwaga ndoo tatu tu, na hesabu yake haikukosea.

Kaka alikuwa mweupe kama karatasi. Akamuuliza Baba amewezaje kutoliona pazia jekundu la urefu wa mtu. Baba akavaa kifaa chake polepole, akavaa na miwani, akamjibu:

“Asubuhi niliingia mlango wa kushoto. Mchana nikarudi mlango wa kushoto. Mimi sikuhama, Tetsuo. Mlango ndio uliohama.”

Ukiniuliza mimi, hapo kesi imekwisha. Mtu aliyesahau angesimama katikati asijue aende wapi. Baba alikwenda moja kwa moja pale alipopakumbuka! Lakini Kaka alikuwa ameshafungua kidaftari, na alivyokuwa akiandika nilijua kwamba chumba cha Saitama kimepata mtu.

Tulipofika kwenye ngazi za hekalu, mimi na Kaka tukakodoleana macho mbele ya duka la maandazi ya mvuke. Baba alikuwa kwenye foleni, akinunua ya maharage matamu ya kupeleka nyumbani. Tulizungumza kwa sauti ya kawaida tu, maana tumezoea kwamba Baba hasikii. Kaka akasema leo ni bafu, kesho itakuwa reli. Akasema mwaka jana baba wa jirani yake alitoka kununua sigara, wakamkuta mferejini baada ya siku mbili, na tangu hapo yeye simu ikilia alfajiri moyo unasimama. Sikulijua hilo. Lakini nilikuwa nimeshapandwa na hasira, na hasira haina breki, nikamwambia unachotaka wewe ni kulala usingizi wako, Baba alale wapi si shida yako. Naye akanirudishia. Akasema mimi namng'ang'ania Baba ili watu wa Komoro wasiseme nimemtupa.

Liliniuma, Dada, kwa sababu lina ukweli ndani yake. Na lile langu pia lilikuwa na ukweli. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, ndivyo tulivyokuwa tukitupiana. Tulipogeuka tukamkuta Baba nyuma yetu, mfuko wa maandazi mkononi. Akatugawia andazi mojamoja, yeye akala la kwake. Tukajua hakusikia.

Pale kwa Kannon maji ya kunawia mikono nayo ni ya moto, yanatoka chemchemi ileile. Baba alinawa, akafurahi kama mtoto, akarudia kunawa. Akapanda ngazi peke yake, akakataa mkono wangu. Alitupa sarafu, akapiga kengele, akafumba mikono. Basi hapo akakaa. Foleni nyuma yake ikarefuka, Kurashina akaanza kutazama saa, watu wakakohoa kwa adabu. Nilidhani amesinzia.

Aliposhuka akatuita wote wawili pembeni, chini ya ule mti mkubwa wa katsura. Akasema:

“Zenkoji mimi na mama yenu tuliomba ya huko tuendako. Hapa mtu anaomba ya maisha haya. Nimeomba kitu kimoja tu, kwamba watoto wangu waniulize.”

Kaka akamuuliza waulize nini. Baba akamwambia:

“Mwezi mzima mnaulizana ninyi kwa ninyi. Mmemuuliza mpaka Chizuru, aliye upande wa pili wa dunia. Mimi nipo hapahapa, na mnachoniuliza ni leo siku gani.”

Kile kifaa kilikuwa sikioni, Dada. Alikuwa amekivaa tangu kule ukumbini mbele ya macho yetu, tukasahau. Sisi ndio tuliosahau. Wanasema asiyekuwepo na lake halipo. Baba alikuwepo na lake halikuwepo.

Nikaona aibu ya kunitosha mwaka mzima. Basi nikamuuliza. Nilisema tu, Baba, unataka nini? Akafikiri kwanza. Nikataka kumjazia maneno, nikajiuma ulimi.

Akasema anajua habari ya birika. Akasema anajua pia kwamba Agosti alinyolewa mara mbili, kwa sababu mara ya pili alitazama kwenye kioo akaona mkasi unakwenda na nywele hazidondoki. Alinyamaza ili asinifedheheshe. Fikiria, nami nilinyamaza ili nisimfedheheshe yeye. Akasema kusahau kumeanza, hatubishii, lakini hakujafika kule tunakosema. Anataka kukaa kwake msimu huu wa baridi. Chakula cha jioni atakuja kula kwangu, kwa mguu, ni dakika kumi na anaijua njia. Jiko la gesi tuliondoe, tumwekee lile linalojizima lenyewe. Ikifika majira ya kuchipua, Kaka ampeleke Saitama aione hiyo nyumba kwa macho yake na aonje bafu lake, ndipo ataamua. Na siku akiulizwa mlango wake akaonyesha wa jirani, tumchukue, hatabisha.

Kaka alirudi kwenye yale maji ya moto akanawa uso, akanawa tena, kwa muda mrefu kuliko uchafu uliokuwapo. Nilimwacha. Namwonea huruma Kaka yetu, Dada, sikuwa nikijua kwamba anaogopa kiasi kile. Mimi hasira zangu unazijua, zinawahi kuona mabaya ya mtu.

Hekalu la pili, lile lenye mnara wa pembe nane, Baba alilitazama kutoka chini akasema limependeza na magoti yake yamesema basi. Njiani kurudi alilala kama mawe. Kaka hakumuuliza swali hata moja mpaka Komoro. Tulipomfikisha nyumbani, akamvua viatu, akaketi pale kizingitini, na ndipo akauliza lake: Baba, unataka jiko la aina gani? Baba akafikiri kweli kweli. Akasema lenye vitufe vikubwa, na lisiwe linaongea, maana vyombo vya siku hizi vina maneno mengi. Kaka aliliandika kwenye kile kidaftari. Alilala kwa Baba usiku ule, na Ijumaa wakaenda dukani pamoja.

Kwa hiyo jibu lako usinipe mimi, wala usimpe Kaka. Mpigie Baba mwenyewe. Saa moja asubuhi yenu ni saa moja jioni yetu, atakuwa kwangu anakula. Sema polepole, nami nitamwekea simu kwenye sikio la kulia. Atachelewa kujibu, usimkatize.

Na kuna jambo ameniagiza, nimelichelewesha mpaka hapa kwa kuwa sijui utalipokeaje. Nilipomwambia nakuandikia, aliweka chini vijiti vyake vya kulia chakula. Alisema mwaka ule ulipoondoka kwenda Brazili, kule uwanja wa ndege alikuuliza pasipoti iko wapi, akakuuliza kama umekula, akakuuliza mizigo ni mingapi. Kama ulitaka kwenda, hakukuuliza. Anasema ukipiga simu, naye ana swali lake, na atakungoja ufikiri.

Nisalimie Shemeji Osvaldo, Beatriz na Kenji, na yule mama mkwe wako aliyenitumia kahawa. Isao anakusalimu sana, na bibi Yanagisawa anauliza kama huko mnapata majani ya kachumbari. Kannon wa Bessho akuangalie katika maisha haya, wewe na wote wanaokula chungu kimoja nawe.

Ni mimi mdogo wako akupendaye, mwenye ulimi na moyo wa kukukumbuka,

Fumie